Majani ya Mjomba, Vidonge vya Bibi Harusi

Wake wa madereva wa masafa marefu hawangoji daktari awaambie kwamba mairungi, yale majani ya kutafuna yanayoitwa pia miraa, huua njaa. Mume anarudi kutoka Mombasa, anaoga, anasalimia watoto, anawekewa posho na samaki. Anamega tonge moja, analizungusha kwenye mchuzi, analirudisha sahanini. "Nimeshiba." Ameshiba nini, na tangu Malaba hajashuka garini?

Mjomba wangu alikuwa mmoja wa madereva hao. Sisi ni watu wa Bombo, mji wa kambi ya jeshi na wa Wanubi, kaskazini mwa Kampala. Mjomba aliendesha lori la Mombasa kwa Kampala, na barabara ya Juba ilipochangamka akaingia huko pia. Akiwa upande wa Kenya alinunua vijiti vya Meru. Akifika nyumbani aliridhika na majani ya kwetu Uganda, ya Butambala. Fungu lilikaa pembeni ya kiti, limefungwa kwa jani la mgomba na kunyunyiziwa maji. Alichomoa kijiti, akamenya gome jekundu kwa meno ya mbele, akalisukuma shavuni pamoja na majani machanga, akaongeza bablish, ile ubani ya kutafuna, ili uchungu upungue, halafu akashushia soda. Shavu la kushoto lilivimba hadi alfajiri. Mama, ambaye ni dada yake, alikuwa akimsihi: "Kaka, kula hata kidogo basi." Naye hujibu, "Kesho, dada, kesho," macho yamemtoka, mguu unatikisika chini ya meza.

Yeye mwenyewe alijua anachokifanya. Aliwahi kuniambia kwamba mairungi ni kama kubandika plasta juu ya taa ya mafuta pale kwenye dashibodi: taa huioni, lakini tangi halijajaa. Sijasikia profesa aliyeieleza dawa hii vizuri kuliko hivyo.

Mimi leo niko nyuma ya kaunta ya duka la dawa hapa Kampala, na ombi ninalolisikia sana kutoka kwa wanawake wa rika langu ni dawa ya kukata njaa. Hawasemi mairungi. Mairungi kwao ni ya wahuni, ya madereva, ya wale vijana wanaokesha Kisenyi. Wao wanataka kidonge, kitu safi, chenye boksi na karatasi ndani. Nawaelewa. Ila ukoo wa vidonge hivyo nimeusoma, na ninyi wasomaji nataka muujue, kwa sababu kule juu kabisa kwenye ukoo huo mjomba wangu yupo.

Kilichomo ndani ya mairungi kinaitwa kathinoni. Maabara ya Umoja wa Mataifa iliitenga mwaka 1975 kutoka kwenye majani mabichi. Kabla ya hapo wataalamu walikuwa wakiijua kathini tu, ambayo ni hafifu zaidi, kwa kuwa waliyachunguza majani makavu. Kathinoni haikai. Jani likinyauka, ndani ya siku mbili tatu inageuka kuwa kathini. Hiyo ndiyo sababu ya jani la mgomba na yale maji ya kunyunyizia, na ndiyo sababu magari ya mairungi hukimbia barabarani kana kwamba yamebeba mgonjwa. Mkulima wa Butambala hakuhitaji maabara kulijua hilo. Bei ya jana na bei ya leo zilimfundisha.

Sasa chukua kathinoni uiweke karibu na amfetamini, dawa ya kuchangamsha inayotengenezwa maabara. Umbo ni lile lile. Mahali pamoja tu hidrojeni mbili zimetoka na oksijeni moja imeingia. Zote mbili huingia kwenye ncha za neva na kuzikamua noradrenalini na dopamini, kemikali ambazo neva hutumia kupashana habari. Moyo unaongeza mwendo, presha inapanda, usingizi unaondoka, mtu anajiona hodari na msemaji, na kule kwenye sehemu ya ubongo inayosimamia njaa ujumbe wa "kula" unazimwa. Hivyo kupoteza hamu ya chakula ni sehemu ya kazi yenyewe ya dawa, sawa na kukosa usingizi. Mwili umeambiwa kuna hatari, na wakati wa hatari hakuna anayekaa kula.

Ukiiongezea kathinoni vikundi viwili vya ethili unapata amfepramoni, dawa ya kupunguza uzito iliyouzwa kwa cheti cha daktari tangu mwishoni mwa miaka ya 1950 katika nchi nyingi. Mama wa Chicago aliyeandikiwa kidonge hicho na mjomba wangu kwenye kabini ya lori walikuwa wakila kutoka chungu kimoja. Mmoja aliitwa mgonjwa, mwingine mlevi.

Amfetamini yenyewe ilitengenezwa Berlin mwaka 1887 na mkemia Mromania, Lazăr Edeleanu, ikakaa kabatini miaka mingi bila kazi. Mwishoni mwa miaka ya 1920 Gordon Alles, aliyekuwa akitafuta dawa ya pumu huko Los Angeles, aliitengeneza upya na kujidunga mwenyewe aone itamfanya nini. Alijisikia vizuri mno. Kampuni ya Smith, Kline & French ikaichukua, ikaiuza kwanza kama dawa ya kuvuta puani kwa wenye mafua, kisha vidonge, kwa jina la Benzedrine. Vidonge vilianza kwa watu wenye maradhi ya kusinzia hovyo na wenye huzuni nzito. Wagonjwa hao wakaonekana wanakonda, kwa kuwa chakula hawakitaki. Mwaka 1947 watafiti wa Marekani walionyesha kwamba uzito ulishuka kwa sababu moja tu: watu walikula kidogo. Dawa haikuwa "inayeyusha mafuta", kama wanavyosema hadi leo wauzaji wa pale mjini.

Katikati hapo vita vilipita. Jeshi lolote linataka askari asiyelala wala kuuliza chakula kiko wapi, kwa hiyo Waingereza na Wamarekani waligawa Benzedrine, na Wajerumani waligawa Pervitin, ambayo ni metamfetamini. Kati ya Aprili na Julai 1940 peke yake, vidonge milioni 35 vya Pervitin na ndugu yake vilipelekwa kwa wanajeshi wa Ujerumani. Japani nao walikuwa na ya kwao, Philopon. Vita vilipokwisha ghala likamwagika mitaani, na mwaka 1951 serikali ikalazimika kutunga sheria kali ya kuidhibiti.

Kwa raia wa Marekani wa miaka ya 1950 na 1960, hata hivyo, mlango mkubwa ulikuwa unene. Hapa ndipo ninapokaa muda mrefu kila ninaposoma, maana nawaona wateja wangu. Kulikuwa na kliniki za kupunguza uzito ambako daktari hakuandika cheti uende duka la dawa; aliuza vidonge mwenyewe, papo hapo, vya rangi nyingi, hata watu wakaviita vidonge vya upinde wa mvua. Nyekundu ya asubuhi, ya buluu ya mchana, ya njano ya jioni. Mgonjwa aliamini zimepangwa kwa ajili yake peke yake. Ndani yake mlikuwa na amfetamini ya kukata njaa, homoni ya tezi ya shingo ya kuharakisha mwili, dawa ya kukojoza na ya kuendesha ili mzani ushuke haraka, dijitalisi ya moyo, halafu dawa ya usingizi ya kutuliza balaa lililoletwa na zile nyingine. Dawa za kukojoza na za kuendesha humaliza potasiamu mwilini. Moyo usio na potasiamu ukapewa dijitalisi juu yake. Watu walikufa. Mwaka 1968 mwandishi wa jarida la Life, mwanamke asiye na unene wowote, alizunguka kwa madaktari kumi wa namna hiyo akarudi na vidonge zaidi ya elfu moja. Mwaka huo huo Baraza la Seneti likafanya vikao juu ya jambo hilo.

Mjini kwetu ukipita kwenye zile akedi, majengo ya ghorofa yenye maduka mengi, utakutana na vifuko vya rangi tatu vya kupunguza tumbo. Sitasema zaidi.

Kilichokuwa kikiwasukuma wagonjwa warudi kwa daktari ni jambo ambalo kila mla mairungi anaweza kukueleza. Stimu ya mwanzo haijirudii kwa kipimo kile kile. Nguvu ya amfetamini ya kukata njaa hupungua ndani ya wiki kadhaa, mzani unagoma, mtu anaongeza kidonge. Lakini ile hamu ya kujisikia hodari haipungui kwa mwendo huo. Inabaki, na mara nyingi inakua. Ndiyo maana karatasi za dawa hizi, hata za leo, husema zitumike kwa wiki chache tu, huku unene ukiwa ni hali ya miaka. Hesabu hiyo haijawahi kukaa sawa. Na mwaka 1958 daktari Philip Connell wa London alikuwa tayari ameandika juu ya wagonjwa 42 waliopata wazimu kwa amfetamini, wanasikia sauti, wanaamini wanafuatwa. Mjomba naye usiku mmoja karibu na Tororo alikanyaga breki akaona ng'ombe wanavuka barabara, kundi zima. Turniboi wake hakuona hata ndama. Mzigo ulisogea mbele ukagonga kabini, wakakaa pembeni hadi kulipokucha.

Baada ya amfetamini kuharibikiwa jina, kila kampuni ilikuja na kidonge chake na wimbo mmoja: hii siyo amfetamini. Preludin ilikuja hivyo. Sweden watu wakawa wanaiyeyusha na kujidunga. Aminoreksi iliuzwa Uswisi, Ujerumani na Austria kuanzia 1965, na kufikia 1968 ikaondolewa kwa sababu watu walikuwa wanapata presha ya mishipa ya mapafu, ugonjwa ambao hadi leo si rahisi kuuponya.

Miaka ya 1990 Wamarekani wakachanganya fentermini, ambayo ni ya ukoo wa amfetamini, na fenfluramini, ambayo haichangamshi. Nadharia ilikuwa nzuri: moja ikitaka kukulaza nyingine inakuamsha, na zote zinakata njaa. Mwaka 1997 madaktari wa Mayo Clinic wakaeleza wanawake 24 waliotumia mchanganyiko huo na valvu zao za moyo zikaharibika, zimekuwa nene na haziwezi kufunga. Septemba mwaka huo fenfluramini ikatoka sokoni. Kosa lilikuwa upande wake. Huamsha kipokezi cha serotonini, kemikali nyingine ya mwili, kilichopo kwenye valvu, na valvu inaanza kujijenga ovyo.

Nilipoisoma habari hiyo nilikumbuka kwamba sisi Uganda tumewahi kuwa na shaka inayofanana. Mwaka 1948 daktari J. N. P. Davies wa hospitali ya Mulago, Kampala, alieleza ugonjwa wa moyo ambao ukuta wake wa ndani unakuwa mgumu kama ngozi ya ngoma, na baadaye kuna watafiti walioishuku serotonini iliyomo kwenye ndizi. Fikiria, matoke washitakiwe! Ushahidi haukusimama, matoke wakaachiwa huru, na sahani zetu zikaendelea kujaa.

Ufaransa nako kulikuwa na Mediator, jamaa wa fenfluramini, iliyosajiliwa kwa wenye kisukari lakini madaktari wengi wakiwapa watu wanaotaka kukonda. Iliondolewa 2009, baada ya daktari wa mapafu wa Brest, Irène Frachon, kung'ang'ania kuhesabu valvu zilizoharibika wakati wakubwa wanamwambia ametia chumvi. Mwaka 2021 mahakama ya Paris iliitia hatiani kampuni ya Servier kwa udanganyifu na kuua bila kukusudia.

Kwetu habari ya kukonda ina uzito wake wa pekee. Waliokuwa watu wazima Rakai na Masaka miaka ya 1980 wanakumbuka ugonjwa uliokuwa ukiwamaliza watu kwa kukonda na kuharisha. Makala ya kitabibu iliyoutambulisha mwaka 1985 iliutaja kwa jina lile lile walilolitumia wanavijiji, slim. Ndio UKIMWI. Mwili mnene ukawa cheti cha afya. Mama yangu hadi leo akikutana na mtu aliyepungua haanzi na salamu, anaanza na "Unaumwa?" Ndiyo maana kwa miaka mingi kilichotafutwa madukani ni cha kunenepesha: siproheptadini, dawa ya mzio yenye tabia ya kufungua hamu ya kula, ambayo wasichana huimeza wapate makalio. Bado inatafutwa. Mwaka 2019 yakaanzishwa hata mashindano ya Miss Curvy, ya wanawake wenye maumbo, eti yavutie watalii, na nchi nzima ikagombana. Na katika akedi hiyo hiyo, ngazi moja juu, kuna anayeuza kopo la kukonda. Mteja anayenunua la kwanza mwezi huu anaweza akarudia la pili mwaka ujao.

Dada yangu mdogo alinunua la pili. Kwanjula yake, sherehe ya kumtambulisha mchumba kwa wazazi, ilikuwa imekaribia na alitaka gomesi, lile vazi la heshima la wanawake, limkae. Kopo lilikuwa na picha ya jani la kijani, maandishi ya kigeni, na neno moja la Kiingereza linalosema ni la asili. Nilikuja kulala kwake nikamkuta saa nane za usiku anasugua masufuria kwa majivu, masufuria ambayo tayari yanang'aa, anaongea bila kupumzika kuhusu orodha ya wageni. Nilipomshika mkono mapigo yalikuwa yanakimbia. Kinywa kikavu, choo kigumu, usingizi hakuna, hasira za ghafla.

"Lakini ni majani tu, dada," akaniambia.

"Na ya mjomba ni nini?"

Alicheka, halafu akanikasirikia kwa siku kadhaa.

Ukiichukua karatasi ya sibutramini, kidonge kingine cha kupunguza uzito, utazikuta dalili zile zote, moja baada ya nyingine. Sibutramini iliidhinishwa Marekani 1997, mwaka ule ule fenfluramini ilipofukuzwa, ikaondolewa 2010 Ulaya na Marekani baada ya utafiti mkubwa wa watu wapatao 10,000, wengi wao wagonjwa wa moyo, kuonyesha kwamba inaongeza mshtuko wa moyo na kiharusi. Kuondolewa dukani hakukuimaliza. Mamlaka ya dawa ya Marekani imeikuta mara nyingi, bila kutajwa popote kwenye lebo, ndani ya makopo yanayouzwa kama mitishamba. Dada alikonda, gomesi likabidi libanwe kwa pini, picha zikapendeza. Uzito ulirudi baada ya harusi, kama ilivyo kawaida ya dawa hizi zinapoachwa.

Sasa turudi Butambala. Sheria yetu ya dawa za kulevya iliyapiga marufuku mairungi pamoja na bangi. Wakulima na wafanyabiashara wa mairungi wa Wakiso wakaenda Mahakama ya Katiba, na Mei 2023 mahakama ikaifuta sheria hiyo kwa sababu wabunge walipoipitisha akidi haikutimia. Kabla mwaka haujaisha Bunge likaipitisha upya, mairungi yakiwemo. Huko nje nako mambo hayaendi kwa sauti moja: kathinoni na kathini zimo kwenye orodha za mkataba wa kimataifa wa 1971, lakini kamati ya wataalamu wa Shirika la Afya Duniani ilipolitazama jani lenyewe mwaka 2006 haikuona haja ya kuliweka chini ya mkataba huo. Uingereza ililipiga marufuku 2014, kinyume na ushauri wa baraza lake yenyewe la wataalamu.

Sitetei mairungi. Nimeona yalivyomla mjomba: meno, tumbo, ndoa, na zile hela za karo zilizoishia shavuni. Lakini jani lina breki moja ambayo kidonge hakina, nayo ni taya. Kupata kathinoni ya kutosha kukukesha lazima ukae saa nyingi unatafuna, umeng'enye nyuzi, uteme, taya liume, na jani likinyauka mchezo umekwisha. Kiwanda kiliondoa kazi hiyo yote. Kilichokuwa shughuli ya usiku mzima kikawa mmezo mmoja na glasi ya maji, kinachokaa kabatini miaka miwili bila kuharibika, na ambacho mtu mstaarabu anaweza kukitumia ofisini bila shavu kuvimba. Kwa maoni yangu hapo ndipo hatari ilipoongezeka, na hapo hapo ndipo heshima ilipoongezeka. Polisi anamkamata mwenye fungu la majani kituoni. Mwenye kopo la rangi ya kijani anapanda taksi naye, wanakaa kiti kimoja.

Fentermini yenyewe bado ipo duniani. Mwaka 2012 Marekani iliidhinisha kuichanganya na topirameti, dawa ya kifafa, na madaktari wenye nidhamu huitumia kwa watu wenye unene unaowaua kweli, huku wakipima presha na mapigo ya moyo kila mara. Siwezi kusema hilo ni kosa. Mtu wa kilo 140 mwenye kisukari si sawa na bibi harusi anayetaka kupungua kiuno. Sindano mpya za semaglutidi zinakata njaa kwa njia nyingine kabisa, ya homoni za utumbo, bila kuuchapa moyo kiboko, ingawa bei yake kwa sasa inawaacha nje wengi wa wateja wangu.

Kwa hiyo mteja akija na ombi lile, mimi kwanza namkalisha nampima presha, bure. Wengi hawajawahi kupimwa. Wapo waliokuta namba za kutisha pale pale, nikawaandikia waende kliniki siku hiyo hiyo, na habari ya kiuno ikasahauliwa. Wenye presha nzuri nawauliza wanalala saa ngapi, wanakunywa soda ngapi, na kama kuna kopo wanalolitumia walilete nilione. Bila karatasi ya daktari sitoi kitu cha ukoo huu. Wengine hunishukuru. Wengine husema, "Nyabo, wewe hutaki biashara," wanachukua mkoba, wanavuka barabara kwenda akedi ya upande wa pili, na mimi nawaona kupitia kioo wanavyopanda ngazi.